Kwa wazee wa Kipsigis: waliofukuzwa kwenye laini za chai wanasubiri neno letu

Wazee wetu waheshimiwa, baba zetu na mama zetu mnaokaa kokwet, baraza la kijiji, kutoka Kipkelion hadi Chebunyo,



Nawaandikia kutoka Mulot, nikiwa mtoto wenu. Nimechagua barua ya wazi kwa sababu jambo ninalolileta lilitendeka waziwazi, watu wakiona, na tangu siku hizo tumelizungumza kwa sauti ya chini tu, tena tukiwa sisi kwa sisi.

Mnaijua Mulot. Mpaka wa Bomet na Narok unapita papa hapa kwetu. Kuna mtu mwenye duka upande wa Bomet na shamba la mahindi upande wa Narok, anayeamkia kaunti moja na kushinda nyingine bila kuona ajabu. Upande wa Bomet sisi Wakipsigis ndio wengi. Gavana ni wetu, mbunge ni wetu, chifu ni wetu. Ukisogea kidogo upande wa Narok hesabu inageuka, na uchaguzi unapokaribia utasikia tukiitwa wageni, hata yule aliyemzika babu yake huko. Mwaka 2018, serikali ilipowaondoa watu katika msitu wa Maasai Mau, wengi wa walioondolewa walikuwa ndugu zetu. Walishuka na magodoro na mbuzi, nyumba zao zikiteketezwa nyuma yao. Tulilia, na tulikuwa na haki ya kulia. Mtu wa Mulot basi hahitaji kufundishwa maana ya kuwa wachache mahali.

Naomba leo tuwazungumzie wachache wengine, wale waliokuwa wachache kati yetu.

Matokeo ya uchaguzi wa urais yalitangazwa jioni ya Desemba 30, 2007. Katika saa na siku zilizofuata, makundi ya watu wenye panga, rungu na mishale yaliingia kwenye laini za wafanyakazi katika mashamba ya chai ya Kericho. Waliolengwa ni wale ambao si wa kwetu, Wakisii hasa. Walipigwa, walikatwa, vyumba vyao viliporwa na kuchomwa. Wapo waliouawa. Wapo wanawake waliobakwa. Waliopona walijificha katikati ya michai, kisha wakaanza safari ya kwenda Kisii, kwa jamaa ambao baadhi yao hawakuwajua vizuri, maana walizaliwa kwenye laini na hata wazazi wao walizaliwa kwenye laini. Babu zao hawakuja kunyakua chochote. Waliajiriwa na kampuni za Waingereza kuchuma majani, wakati babu zetu wengi walikuwa na ng'ombe na mahindi yao na hawakuutaka mshahara ule mdogo.

Watu 218 kati yao walikwenda mahakamani Uingereza kuishtaki Unilever, ambayo kampuni yake tanzu ndiyo iliyokuwa na shamba walilofanyia kazi. Walidai kwamba hatari ilionekana mapema, kwamba baadhi yao walieleza hofu yao kabla ya siku ya kura, na kwamba hawakulindwa. Kampuni ilikana kuwa na wajibu huo. Mahakama Kuu ya London ilikataa kuisikiliza kesi yao mwaka 2017. Mahakama ya Rufaa ikakataa Julai 2018, kwa maelezo kwamba kampuni mama haikuwa na mkono katika namna kampuni yake ya Kenya ilivyojiandaa kwa hatari ya aina hiyo. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu nayo ikakataa kuipokea rufaa. Wakabeba malalamiko yao wakayapeleka Umoja wa Mataifa.

Kesi hiyo inajulikana kwa herufi AAA. Majina ya walalamikaji yalifichwa ili kuwalinda. Miongoni mwao wako waliobakwa, ambao sheria huwasitiri. Lakini wako pia watu wanaohofia kujulikana huku kwetu, na hofu hiyo si ya jaji wala ya Mzungu. Wanatuogopa sisi.

Ardhi ile ninyi mnaijua kuliko ninavyoijua mimi. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, serikali ya kikoloni ilichukua ekari 25,000 za mababu zetu ikawagawia maafisa wa Kiingereza waliojeruhiwa vitani ili wapande kitani. Kilimo hicho kiliwashinda, na kufikia katikati ya miaka ya 1920 kampuni za chai, Brooke Bond na James Finlay, zilikuwa zimeingia. Mwaka 1934 ukatokea msiba wa Talai. Ukoo mzima, karibu watu 700, ulihamishwa kwa sheria iliyotungwa kwa ajili yao peke yao, ukapelekwa Gwassi kando ya Ziwa Victoria, kwenye mbu na mbung'o. Hawakuruhusiwa kurudi mpaka 1962, na waliporudi hawakurudishiwa ardhi. Wazee wa Talai wameyasimulia hayo kwa wajukuu mpaka leo, nao wajukuu wanaweza kukutajia mahali boma la babu lilipokuwa na sasa pamepandwa chai.

Ninyi hamkukubali yasahaulike. Mwaka 2019 Tume ya Taifa ya Ardhi iliitambua dhuluma hiyo, na mwaka huo huo malalamiko ya Wakipsigis na Watalai zaidi ya 100,000 yakapelekwa Umoja wa Mataifa. Mwaka 2021 wataalamu wa Umoja huo walieleza wasiwasi mkubwa na kuitaka Uingereza itoe majibu. Mwaka 2022 kesi ikafikishwa katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu, Strasbourg. Mfalme Charles alipokuja Kenya mwishoni mwa 2023 alieleza huzuni na majuto, lakini hakuomba msamaha, na wengi wetu tuliumia. Tulijiuliza inamgharimu nini mtu mkubwa namna ile kulitamka neno dogo namna hiyo.

Nawaunga mkono katika safari hiyo yote, na kila hatua yake naifuatilia. Nikiwa mtu wa kwenu nataka Uingereza itambue, iombe radhi na ilipe.

Sasa tazameni, wazee wangu, tunakutana na nani njiani. Sisi na wale 218 tunatoka kwenye vilima vile vile. Mashamba tunayoyadai ndiko walikofukuzwa. Sisi tumekwenda Uingereza tukakuta mlango umefungwa, nao pia. Sisi tumekwenda Umoja wa Mataifa, nao pia. Sisi tunasema: tulikuwa tunaishi hapa, tukafukuzwa kwa nguvu, nyumba zetu zikachomwa, na hakuna aliyekuja kutuomba radhi. Wao wanasema hivyo hivyo. Tofauti ni kwamba sehemu ya jibu wanalolitafuta haiko London. Iko Kericho, iko Bomet, iko kwenu wazee.

Sisemi kwamba makosa mawili haya yanalingana kwa uzito. Dola la Uingereza lilikuwa na jeshi, sheria na meli, na lilikaa miaka 60 na zaidi. Waliovamia laini walikuwa vijana maskini, wengi wao hawana hata robo ekari, na waliowatuma hawakufika pale. Lakini aliyechomewa chumba hapimi umaskini wa aliyekichoma. Na mimi sioni tutakavyosimama mbele ya majaji wa Ulaya tukisema miaka 90 haijafuta deni, halafu tumwambie Mkisii kwamba yake yamepita na asahau.

Wazee wangu, sisi hatusahau. Wakipsigis walishindwa vibaya na Wakisii katika vita vya Mogori, mwishoni mwa karne ya 19. Hakuna aliye hai leo aliyeviona vita hivyo, na bado jina la Mogori linatajwa nyumbani, nalo lina uzito. Likitajwa mbele ya watoto, wanauliza, na wanaambiwa. Kama sisi tumeitunza Mogori muda wote huu, tunadhani huko Borabu na Nyamira wanawaambia watoto wao nini kuhusu Desemba 2007? Mtoto aliyebebwa mgongoni usiku ule sasa ni mtu mzima mwenye kitambulisho na kura.

Najua mtakayonijibu, kwa sababu nimeyasikia tangu nikiwa mdogo.

Mtasema na sisi tulikufa. Ni kweli, na lisemwe kwa sauti ile ile. Tume ya Jaji Philip Waki, iliyochunguza ghasia zile, ilihesabu vifo 1,133 nchi nzima, na kati ya hivyo 405 vilitokana na risasi. Risasi hizo hazikufyatuliwa na wachuma chai. Vijana wetu walipigwa na polisi barabarani na hakuna afisa aliyejibu ipasavyo. Januari 31, 2008, mbunge wetu wa Ainamoi, David Kimutai Too, aliuawa Eldoret kwa bunduki ya polisi wa trafiki, na Kericho ikawaka upya. Mpakani pa Sotik na Borabu nyumba ziliungua pande zote mbili, Chepilat ikageuka uwanja wa mishale, na Wakipsigis nao walilala nje. Waliopoteza watoto kwa risasi za serikali wanastahili haki yao, na mkienda kuidai nitakuwa nanyi. Lakini Mkisii wa kwenye laini hakumuua Kimutai Too. Mauaji ya mbunge yalikuja mwezi mzima baada ya Mkisii huyo kufukuzwa.

Mtasema ilikuwa siasa. Ilikuwa siasa, tena ya zamani. Tangu mikutano ya mwaka 1991, viongozi walipoanza kuhubiri majimbo na kuwataka wasio wenyeji warudi kwao, na mapigano ya Miteitei kule Nandi mnamo Oktoba mwaka huo, na yale yaliyofuata Londiani, Molo na Sotik, tumejifunza kwamba uchaguzi mkali una watu wake wa kulipa. Mwaka 1993 ilikuwa Enoosupukia, huko Narok, ambako maelfu ya Wakikuyu walitimuliwa. Neno la kuondoa madoadoa tumelisikia majukwaani, na tumewasikia watu wakilipigia makofi. Mwanasiasa anapanda jukwaani alasiri moja anaondoka. Anayebaki kijijini ni mzee. Kijana wetu hakuzoea kwenda vitani bila kujua wazee wake wanasemaje, na mahali ambapo mzee alisimama mlangoni akasema hapa hapapitwi, hapakupitwa. Wazee hao wapo. Wapo waliowaficha majirani zao ghalani, waliowapa koti na nauli, waliowavusha usiku. Hatujawahi kuwaita mbele ya watu tukawashukuru, kwa sababu kuwashukuru hao ni kukiri kwamba kulikuwa na kitu cha kumfanya mtu afichwe.

Na mtasema mambo yaliisha. Viongozi wetu na wa Wakikuyu walishikana mikono mwaka 2013 wakaunda serikali pamoja. Kesi ya The Hague kuhusu ghasia zile ilivunjika Aprili 5, 2016, nasi tukashangilia kurudi kwa viongozi. Majaji hawakusema kwamba hakuna kilichotokea. Walisema ushahidi uliobaki haukutosha, na wakalalamika kuhusu mashahidi kuingiliwa. Katika shangwe ile sikumsikia mtu akiuliza, basi aliyechomewa atamwendea nani sasa. Amani ya viongozi ilikuwa kati ya nyumba mbili kubwa, na Mkisii wa kwenye laini hakuwa mwenyeji wa nyumba yoyote kati ya hizo.

Niruhusuni nizungumze kidogo kuhusu Makalasinga, yaani watu wa dini ya Sikh, kwa sababu hadithi yao imenisaidia kuiona yetu.

Pale Kericho mjini kuna gurdwara, hekalu lao, inayobeba jina la Sant Baba Puran Singh, fundi aliyekuja kutoka Punjab akiwa kijana, akaishi Kericho miaka mingi na kuanzisha karakana ya Kericho Wagon Works. Makalasinga wa kwanza walifika kwetu wakiwa watu wa mikono: maseremala, wahunzi, makanika. Viwanda vya chai vilihitaji mikono hiyo. Joginder Singh, aliyeshinda Safari Rally mwaka 1965, 1974 na 1976, alizaliwa Kericho. Na Makhan Singh, mwana wa vyama vya wafanyakazi, ndiye aliyesimama Kaloleni, Nairobi, mwaka 1950 akadai uhuru kamili wa Afrika Mashariki, na kwa hilo akawekwa kizuizini mpaka 1961. Wengi wao waliondoka kwenda Uingereza miaka ya 1960 na 1970, leseni za biashara zilipobana, na Puran Singh mwenyewe alihamia Birmingham, akafariki mwaka 1983. Waliobaki ni wachache sana, lakini jikoni mwa gurdwara mtu yeyote anakula bila kuulizwa kabila.

Mwaka uliofuata kifo chake, jamaa zao India walipatwa na yale yaliyokuja kutokea kwenye laini zetu. Oktoba 31, 1984, Waziri Mkuu Indira Gandhi aliuawa na walinzi wake wawili waliokuwa Makalasinga. Kwa siku kadhaa makundi ya watu yaliwawinda Makalasinga wote, mafundi, madereva, wauza duka, watu ambao hawakuwajua walinzi wale hata kwa sura. Hesabu ya serikali kwa mji wa Delhi pekee ni watu 2,733 waliouawa. Mashahidi walieleza mbele ya tume za uchunguzi kwamba makundi yalikuja na daftari za wapiga kura ili kujua nyumba ya Kalasinga ni ipi, na kwamba polisi walitazama tu. Huku kwetu hakukuhitajika daftari. Mlango wa Mkisii kwenye laini ulijulikana, kwa sababu juzi yake mtu alikuwa amekwenda hapo kuazima chumvi.

Agosti 2005, miaka 21 baadaye, Waziri Mkuu Manmohan Singh alisimama bungeni akaomba radhi kwa niaba ya serikali na kusema anainamisha kichwa kwa aibu. Alikuwa Kalasinga yeye mwenyewe. Angeweza kusema kwamba yeye ni wa upande wa walioumizwa na kwamba waombe wengine. Hakusema hivyo, kwa sababu kiti alichokalia ndicho kilichokuwa na deni. Desemba 2018 Mahakama Kuu ya Delhi ilimhukumu kifungo cha maisha Sajjan Kumar, aliyekuwa mbunge, kwa mauaji ya siku zile. Miaka 34 ilikuwa imepita na wajane wale walikuwa bado wanakwenda mahakamani.

Makalasinga wa Kabul hawakubahatika kupata hata hayo. Machi 25, 2020, watu wenye silaha waliingia gurdwara wakati wa ibada wakaua watu 25. Makalasinga na Wahindu wa Afghanistan waliwahi kuwa maelfu kwa maelfu, wenye maduka ya vitambaa na dawa za miti katika kila mji mkubwa. Sasa karibu wote wameondoka.

Kalasinga wa Kericho aliyeona hali imekuwa ngumu alikuwa na pa kwenda, na mara nyingi alikuwa na pasi ya kusafiria ya Uingereza. Mchuma chai alikuwa na miguu yake, na mishahara ambayo hakuweza kuiwekea akiba.

Serikali yetu imefanya nini? Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilikabidhiwa kwa Rais Uhuru Kenyatta Mei 2013, na Bunge halijaitekeleza. Machi 2015 rais aliomba radhi kwa dhuluma za zamani na kutangaza mfuko wa shilingi bilioni 10. Nimekaa na watu waliofukuzwa, na sijamwona mmoja aliyeshika shilingi yake. Desemba 2020 Mahakama Kuu ya Nairobi iliamuru serikali iwalipe watu wanne waliodhulumiwa kingono wakati wa ghasia zile shilingi milioni 4 kila mmoja. Wanne, wazee wangu, katika nchi nzima.

Ndiyo maana nimewaandikia ninyi na wala sikumwandikia waziri.

Ninawaomba kwanza mwende Kisii. Nendeni ninyi wenyewe, bila gavana, bila mbunge, bila kamera, mkakae na waliofukuzwa na wazee wao, mkawasikilize mpaka wamalize. Mila yetu ina njia ya kuzungumza damu inapomwagika kati ya jirani na jirani, nao wana yao, na mnazijua njia hizo kuliko mimi. Mkisharudi, tangazeni waziwazi pale Kericho, kwa Kikipsigis na kwa Kiswahili, kwamba lilitendeka, kwamba lilikuwa kosa, na kwamba mnaomba radhi. Hakuna anayewadai mtaje jina la mtoto wa mtu. Kazi hiyo ni ya mahakama. Lakini kutambua kwamba lilitendeka ni kazi yenu, na hakuna hakimu awezaye kuwafanyia.

La pili linahusu mazungumzo na kampuni. Mashamba makubwa yamebadilisha wenyewe. Sehemu kubwa ya yale yaliyokuwa ya Finlay na ya Unilever sasa imeshikwa na kampuni ya Browns kutoka Sri Lanka. Viongozi wetu wanakaa nao mezani kuzungumzia hisa za wenyeji, ajira na ardhi. Mnapokaa mezani hapo, wawekeni wale wa 2007 ndani ya hoja yenu. Semeni kwamba anayenunua shamba ananunua pia historia yake yote, ile ya 1934 na ile ya 2007, na kwamba jamii inayodai ya kwanza haitakubali ya pili izikwe. Sijui hoja ambayo ingetupa nguvu zaidi mbele ya wale tunaowadai.

La tatu ndilo linalonikosesha usingizi. Agosti 10, 2027 tutapiga kura tena. Vijana wetu wana hasira, na hasira hiyo ina sababu: mashine moja ya kuchuma majani inafanya kazi ya watu wengi, na nafasi zilizobaki zinagombaniwa. Mei 2023 mashine zilichomwa moto Kericho na watu wakapigwa risasi na polisi. Kijana anayeamka asubuhi bila kazi anamwona mchuma chai kutoka Kisii au Vihiga anakwenda shambani, na ni rahisi sana kwa mtu mwenye kipaza sauti kumwambia kwamba huyo ndiye aliyekula kazi yake. Mashine haiwezi kutimuliwa kwa panga. Jirani anaweza. Kampuni iliyoamua kuleta mashine ina ofisi, ina mawakili, ina geti lenye walinzi, na hasira ikishindwa kupita getini inarudi kwenye laini.

Katiba ya 2010, kifungu cha 39, inampa kila Mkenya haki ya kuishi popote nchini. Kifungu hicho ndicho tunachokishika sisi tulio Narok. Hatuwezi kukishika huku upande wa mashariki na kukiachia upande wa chai.

Kwa hiyo, kabla ya kampeni kuanza, kila kokwet ijue nyumba za wachache walioko ndani yake: kinyozi, mwalimu, mama wa mboga, fundi wa viatu, familia za kwenye laini. Wazee wawili au watatu waende kwa kila mmoja wao, wanywe chai, waseme majina yao, waache namba za simu. Vikaratasi vya vitisho vikianza kuonekana milangoni kama tulivyozoea, mzee asisubiri chifu. Aende asubuhi ile ile akae mbele ya mlango huo, wapita njia wamwone. Na mgombea yeyote, hata akiwa wa ukoo wako, akitamka neno wageni au madoadoa katika mkutano, mzee ainuke aondoke mbele ya watu wote. Vijana watawafuata. Nimewaona wakiwafuata katika mambo madogo kuliko haya.

Wapo watakaosema kwamba mtoto wa Mulot hana mamlaka ya kuwaagiza wazee. Ni kweli sina, na ndiyo sababu nimeomba. Mkiona nimekosa adabu, niiteni kokwet niulizwe, nitakuja na nitajibu. Mkiamua kwenda Kisii, wapo vijana huku walio tayari kuwasindikiza, na nauli tutaichanga sisi wenyewe.

Mtoto wenu,
Mulot